Udongo Usiootesha Mahindi Ndio Utoao Vyungu

Mkulima akipewa shamba katika skimu, kwanza hulizunguka lote akitazama udongo. Akifika penye udongo mwekundu unaotifuka hufurahi, na moyoni huanza kuhesabu magunia. Akishuka bondeni na kukuta udongo mzito wa kijivu unaong'ang'ania jembe, hukunja uso. Mahali hapo mahindi hugeuka manjano mvua ikizidi, na jua likizidi ardhi hupasuka. Basi hupaacha pawe malisho, au huzungusha seng'enge ili watu wasipite, na kusema, "Kona hii haina faida."

Makala haya yahusu kona hiyo. Katika sehemu nyingi za nchi yetu, hasa Nyanza na Magharibi, udongo wa namna hiyo umewapa watu mitungi ya maji, vyungu vya kupikia na fedha za matumizi tangu zamani sana. Huenda akina mama wanaojua kuutumia wanakaa karibu nawe na wewe huna habari. Ukiweka ua bila kuuliza, huenda umefunga kazi ya watu ambao hawana shimo jingine la kwenda.

Kazi ya kale kuliko jembe

Katika nchi inayolizunguka Ziwa Viktoria, ufinyanzi ni wa zamani kuliko kilimo. Wataalamu wa mambo ya kale wamechimbua kando ya ziwa na mito yake vigae vya namna iitwayo Kansyore, na vile vya zamani kabisa vina umri wa zaidi ya miaka 7,000. Waliovitengeneza walikuwa wavuvi na wawindaji. Hawakuwa na shamba wala ng'ombe. Baadaye sana wakaja wakulima waliojua kuyeyusha chuma, nao walikuwa na vyungu vizuri vyenye kibonyeo katikati ya kitako. Vyungu hivyo vilipatikana mahali paitwapo Urewe, katika Siaya ya leo, na habari zake zikachapwa mwaka 1948 katika andiko lenye majina ya Mary Leakey, Owen na Louis Leakey. Tangu hapo wataalamu hutumia jina la Urewe kwa vyungu vya namna hiyo vinapopatikana Uganda, Rwanda, Burundi au upande wa Bukoba. Kijiji cha Nyanza kimejulikana katika vitabu vya ng'ambo kwa sababu ya vigae tu.

Wafinyanzi wa leo si lazima wawe wajukuu wa watu hao, lakini udongo ni ule ule. Kwa Waluo, kufinyanga ni kazi ya wanawake. Hata hivyo si kila mwanamke anayefinyanga, wala si kila kijiji. Wafinyanzi hukaa kwa makundi karibu na mahali penye udongo mzuri, na ukitoka hapo waweza kupita vijiji vingi usione hata mmoja. Tena, kinyume cha watu wanavyodhani, msichana hajifunzi lazima kwa mama yake mzazi. Mara nyingi huolewa hajui hata kukanda udongo. Akifika kwa mumewe, kama kijiji hicho ni cha wafinyanzi, mama mkwe wake au mke mwenzake humketisha chini na kumfundisha. Jambo hili lilielezwa vizuri na Ingrid Herbich, mtaalamu aliyechunguza wafinyanzi wa Kiluo na kuchapisha habari zao mwaka 1987. Ndiyo maana vyungu vya kijiji kimoja vina mtindo wake wa shingo na mapambo, ingawa akina mama wenyewe wamezaliwa huku na huku.

Nakuomba mkulima ulifikiri jambo hili vizuri, maana ndilo kiini cha maneno yote yanayofuata. Elimu hii haikai katika damu ya ukoo fulani, wala haikuandikwa kitabuni. Imekaa mahali, karibu na shimo la udongo. Shimo likifungwa leo, mama mkwe atabaki na elimu yake kichwani, lakini yule bibi arusi atakayekuja mwakani hatakuwa na kitu cha kushika mkononi. Baada ya miaka 20 hapatakuwa na mtu wa kuuliza.

Jinsi chungu kinavyofinyangwa

Watu wengi hununua mtungi sokoni na kubishana bei bila kujua kazi iliyoingia ndani yake. Basi tuifuate kazi hiyo tangu mwanzo.

Udongo huchimbwa wakati wa kiangazi. Tabaka la juu lenye mizizi na majani huondolewa kwanza, na udongo wenyewe hutafutwa chini yake. Mara nyingi mfinyanzi huchanganya namna mbili, mmoja unaonata sana na mwingine wenye mchanga kidogo. Wengine hutwanga vigae vya vyungu vilivyovunjika, wakavichekecha na kuvitia ndani ya udongo mbichi. Hii si kubana matumizi tu. Udongo mtupu hunywea sana ukikauka, na kwa hiyo hupasuka. Kigae kilichokwisha kuchomwa hakinywei tena. Kikiwa ndani ya udongo hufanya kazi kama kokoto ndani ya zege. Tena huacha vinjia vidogo ambamo mvuke hupita chungu kinapochomwa. Kwa njia hii chungu kizee huzaliwa upya ndani ya kipya.

Udongo hulowekwa, hukandwa kwa mikono au kukanyagwa kwa miguu, na kila kijiwe na mzizi hutolewa. Kijiwe kimoja kilichosahauliwa kinaweza kuvunja chungu kizima motoni. Kisha hufunikwa na kuachwa ukiwa na unyevu kwa muda, ili maji yaenee sawasawa.

Mfinyanzi hatumii gurudumu. Huweka donge la udongo juu ya kitako cha chungu kilichovunjika, akalitandaza kuwa kitako kipya. Halafu huviringisha udongo mapindi marefu kama kamba nene, akayapanga moja juu ya jingine kwa kuzunguka, huku akiyaunganisha kwa kidole gumba. Kwa kipande cha kibuyu au gunzi la mahindi hukwangua ndani na nje mpaka ubavu uwe mwembamba na sawa. Hapa hapana haraka. Akifika katikati ni lazima aache udongo ugande kidogo, maana akiendelea kupandisha ubavu ukiwa bado laini, chungu chote kitabonyea kwa uzito wake. Mama anayejua kazi huwa na vyungu kadhaa kwa pamoja, kila kimoja katika hatua yake, naye huenda toka hiki mpaka kile kama mtu anayepalilia mistari.

Shingo ikiisha, huviringisha juu yake kamba fupi iliyosukwa, nayo huacha alama za mistari. Mgeni huona pambo. Mwenye kubeba mtungi uliolowa maji huona mahali pa kushika pasipoteleza. Wengine hupaka maji ya udongo mwekundu na kusugua kwa kijiwe laini mpaka chungu king'ae.

Halafu huja kukausha, na hapo ndipo mwanafunzi huharibu. Chungu hukaushwa kivulini, ndani ya nyumba, kwa siku nyingi, hata wiki mbili kikiwa kikubwa. Kikiwekwa juani mara moja, upande mmoja hunywea kabla ya mwingine na ufa hutokea. Siku ya kuchoma, hupashwa moto kidogo kidogo kwanza ili unyevu wa mwisho utoke. Maji yaliyobaki ndani ya ubavu yakigeuka mvuke ghafula, chungu hupasuka kwa kishindo, na mara nyingine vipande vyake huvunja vya jirani.

Uchomaji hufanywa uwanjani, bila tanuru. Hutandikwa kuni na samadi kavu, vyungu hupangwa juu, kisha hufunikwa kwa nyasi nyingi. Huchaguliwa saa ambayo upepo umetulia. Moto wa namna hii hufika joto la digrii 600 mpaka 900 hivi, tena hupanda upesi. Udongo ukipita kama digrii 600, hali yake hubadilika kabisa, na hata ukilowekwa mwaka mzima haurudi tena kuwa tope. Vyungu vikiiva hutolewa kwa miti mirefu. Kazi ya wiki tatu huamuliwa kwa muda unaotosha kupika ugali na mboga.

Ukienda sokoni kununua, fanya kama wanavyofanya wenyewe: gonga ubavu kwa kidole kilichokunjwa. Chungu kizima hulia kama kengele. Chenye ufa, hata usioonekana, hutoa sauti nzito kama ubao.

Faida nyumbani

Mtungi wa udongo hupoza maji bila stima, na sababu yake ni rahisi. Ubavu wake una vitundu vidogo mno visivyoonekana kwa macho. Maji hupenya polepole mpaka nje na kukauka kwa hewa, na maji yanapokauka huchukua joto. Lita moja ikikauka ubavuni huchukua joto la kutosha kupoza lita 50 kwa zaidi ya digrii 10. Ni kweli kwamba joto jingine huingia kutoka hewani, kwa hiyo hupati baridi yote hiyo, lakini kila mtu aliyekunywa maji ya mtungini mchana wa Januari anajua tofauti. Uweke mtungi kivulini, mahali penye upepo, juu ya mchanga uliolowa. Wakati wa mvua, hewa ikiwa imejaa unyevu, utapoza kidogo tu. Usiupake rangi ya mafuta kwa nje hata kama wageni wataupenda. Rangi huziba vitundu, na mtungi wako utakuwa sawa na debe.

Nawaomba pia msidanganyike. Maji baridi si lazima yawe maji safi. Mtungi hauui vijidudu. Mtungi wa kinywa kipana, ambao kila mtoto huchota kwa kikombe na vidole vyake ndani, waweza kueneza homa ya matumbo na kipindupindu nyumba nzima. Karibu na mwaka 2000, huko Homa Bay, shirika la CARE pamoja na wataalamu wa afya wa Marekani walishirikiana na akina mama wafinyanzi kutengeneza mtungi wenye mdomo mwembamba, kifuniko, na bomba dogo karibu na kitako. Maji hutiwa dawa ya klorini, na hakuna mkono unaoingia. Umbo jipya lilitoka katika mikono ile ile na udongo ule ule, na watu waliupokea kwa sababu walikwisha kuzoea maji ya mtungini. Kama kuna mfinyanzi katika skimu yako, mpelekee wazo hilo. Bomba hupatikana katika duka la vifaa vya ujenzi, na tundu lake hutobolewa udongo ukiwa bado mbichi.

Kwa kupikia, chungu huchelewa kupata moto lakini pia huchelewa kuupoteza. Maharagwe yakichemka, waweza kuondoa kuni nyingi na yataendelea kutokota. Mama wa Kiluo au wa Kiluhya anayelaza mboga za kienyeji kwa maziwa siku mbili tatu hatakubali kuzihamisha katika sufuria, nami namwunga mkono. Chungu kipya kichemshiwe kwanza uji mwepesi, ili wanga uzibe vitundu. Kisiwekwe motoni kikavu, wala kisimwagiwe maji baridi kikiwa cha moto.

Watu hunijia na swali la mbegu: je, chungu kinafaa kuweka mahindi ya mbegu? Kinafaa kwa mbegu kidogo, lakini mjue udhaifu wake. Vitundu vile vile vinavyopoza maji huingiza hewa, na palipo na hewa dumuzi huishi. Mahindi yakaushwe mpaka unyevu usizidi asilimia 13.5. Maharagwe na kunde yachanganywe na jivu kavu lililochekechwa. Mdomo ufunikwe na kuzibwa kwa udongo uliochanganywa na samadi, na chungu kikae juu ya kichanja mbali na ukuta. Kwa magunia ya chakula, ghala bora au mifuko isiyopitisha hewa ndiyo njia. Hapa chungu kimeshindwa, na hapana haja ya kukisifu mahali kisipostahili.

Lakini mahali pengine kimeshinda tena upya. Miaka ya 1980 mafundi wa nchi yetu walitengeneza jiko la makaa lenye ganda la bati na kikombe cha udongo uliochomwa ndani yake. Siku hizi jiko hilo liko karibu kila mji, na limeigwa katika nchi nyingine za Afrika. Tangu miaka hiyo hiyo, vikundi vya akina mama wa Nyanza na Magharibi wamefinyanga pia vikombe vya jiko la kuni, ambavyo hujengewa kwa tope jikoni. Ukilinganisha na mafiga matatu, jiko la namna hii likitumiwa vizuri hupunguza kuni kwa theluthi moja au zaidi. Kwa mkulima aliyekata miti yote ya shamba alipofika katika skimu, na ambaye mkewe sasa hutembea mbali kutafuta kuni, hilo si jambo dogo.

Fedha zinazokuja wakati wa njaa ya fedha

Zamani, katika sehemu nyingi za Afrika Mashariki, bei ya chungu ilikuwa nafaka inayokijaza. Mfinyanzi alibeba vyungu kichwani mpaka kwa watu wenye mavuno mema, na kurudi na wimbi au mtama. Hivyo kijiji chenye udongo mbaya wa kulima kilikula chakula cha kijiji chenye udongo mzuri. Sufuria na debe vilipoenea, na baadaye mtungi wa plastiki, biashara hiyo ilipungua sana. Plastiki ni nyepesi na haivunjiki ikianguka. Hatuwezi kumlaumu mtoto anayepanda mlima na maji akiichagua. Lakini kazi haikufa. Anayepita Ilesi, katika barabara ya Kakamega kwenda Kisumu, huona vyungu vimepangwa kando ya lami, vya kupikia, vya maji na vya maua, na magari husimama.

Kwa hesabu ya mkulima, jambo kubwa ni wakati. Vyungu hutengenezwa kiangazi, maana mvua huzuia kukausha na kuchoma. Kwetu upande wa magharibi kiangazi kirefu ni Desemba mpaka Februari. Ndiyo miezi ambayo mahindi ya mwaka uliopita yamekwisha kuuzwa, karo ya Januari imedaiwa, na mbegu na mbolea za Machi bado hazijanunuliwa. Mama anayeuza vyungu Februari huleta fedha wakati ambao shamba halileti kitu. Mzee mwenye nyumba anayesema vyungu ni mchezo wa wanawake, ajiulize ile mbegu aliyopanda mwaka jana ilinunuliwa kwa fedha gani.

Kupima udongo wa kona yako

Huna haja ya kupeleka udongo maabara. Chukua kiasi cha ngumi kutoka chini ya tabaka lenye mizizi, ukiloweshe na kukikanda. Viringisha kamba nene kama penseli na uizungushe kidoleni. Ikikatika, udongo una mchanga mwingi. Ikizunguka bila ufa, endelea.

Tengeneza kibao cha udongo huo, bapa kama kidole kwa unene, na kwa kisu uchore mstari wa sentimita 10 juu yake. Kikaushe kivulini mpaka kiwe kigumu, kisha upime mstari tena. Ukiwa umebaki karibu sentimita 9 au zaidi, na kibao hakikupinda wala kupasuka, ni dalili nzuri. Ukiwa umenywea kuliko hapo, udongo huo wahitaji kuchanganywa na mchanga au vigae vilivyotwangwa.

Wakulima wa Muhoroni na wa tambarare ya Kano wajihadhari na udongo mweusi ule unaopasuka nyufa za kuingiza mkono. Hunata vizuri, na humdanganya mtu asiyejua, lakini hunywea kupita kiasi. Tena mara nyingi una punje nyeupe za chokaa. Chungu chenye punje hizo huweza kutoka motoni kizima, na baada ya siku chache punje zikavuta unyevu, zikavimba na kurusha vibanzi ubavuni. Dondosha ndimu au siki juu ya punje nyeupe. Ikitoa povu, ni chokaa, na udongo huo uuache.

Hata hivyo kipimo cha mwisho ni mkono wa mwenye kazi. Mpelekee mama mfinyanzi donge lako kwa heshima, umwombe alitazame. Usiende kama afisa anayekagua. Mwambie, "Mama, nimeona udongo huu katika shamba langu, nawe ndiwe unayejua. Wafaa?" Atakujibu kwa vidole vyake kabla hajafungua mdomo.

Kupatana juu ya shimo

Zamani, ardhi ilipokuwa ya ukoo, shimo la udongo lilitumiwa na wote waliolijua. Tangu ardhi ilipoanza kupimwa na kuandikishwa, kila kipande kina nambari na mwenyewe. Katika skimu, ambazo nyingi zilianza kukatwa kutoka mashamba makubwa mwaka 1962 na kuendelea, mambo ni hivyo tangu siku ya kwanza. Hati ya shamba ni kitu chema, na hapana mtu anayetaka kuirudisha nyuma. Lakini mpimaji alipochora mstari wake hakuuliza mahali akina mama wanapochimba udongo. Basi hapo penye mapengo ni wajibu wa majirani kupajaza.

Tuseme shimo limo ndani ya mpaka wako, na akina mama wanane wamekuwa wakichimba hapo. Una haki ya kuwakataza. Lakini fikiri: kona hiyo hukupatia gunia moja la mahindi mabaya katika mwaka mzuri. Waite wakae nawe chini ya mti, pamoja na mzee wa kijiji. Mpatane njia ya kupita, ili wasikanyage mimea; miezi ya kuchimba; ukubwa wa mahali; na malipo. Malipo yaweza kuwa fedha kidogo kwa kila mzigo, au mitungi miwili kwa mwaka, au siku za kusaidiana palizi. Yaandikwe katika karatasi mbili, kila upande utie sahihi au alama ya kidole, na mashahidi pia. Jambo lililosemwa kwa mdomo hufa pamoja na mwenye kulisema, na mwanao atakayerithi huenda asilijue.

Akina mama nao wafanye kikundi na kukiandikisha kwa afisa wa maendeleo ya jamii. Kikundi chaweza kufungua akaunti, kuuza kwa pamoja badala ya kila mmoja kubanwa peke yake na mchuuzi, na kutia sahihi mapatano kama haya. Wakitaka kununua au kukodi kipande hicho hasa, ni lazima kwanza idhini ipatikane katika Bodi ya Ardhi, kama sheria ya mwaka 1967 inavyotaka kwa ardhi ya kilimo. Na kama shamba lako bado lina deni la skimu, usiuze wala kukodisha kitu kabla ya kumwona afisa wa makazi.

Kuhusu shimo lenyewe, sharti ziwe kali, maana mashimo ya udongo yamewahi kuua watu. Msichimbe kwa kuingia chini ya ukingo kama pango. Ukingo mzito wa udongo huanguka bila kutoa onyo, hasa baada ya mvua. Chimbeni kwa ngazi, kila ngazi isizidi kimo cha kiuno. Watoto wasiingie. Msichimbe kwenye ukingo wa mto, kwa sababu mvua ya kwanza itachukua ukingo na shamba lililo nyuma yake. Tabaka la juu lenye rutuba liwekwe upande mmoja, lisichanganywe na takataka, na sehemu iliyokwisha chimbwa irudishiwe udongo huo na kupandwa majani ya ng'ombe, kama vile matete. Shimo lililoachwa wazi hujaa maji, huzaa mbu, na ndama wako ndiye atakayetumbukia kwanza.

Kazi ya kujaza na kusawazisha ifanywe mwishoni mwa Februari, kabla mvua ndefu hazijaanza, mwenye shamba na akina mama wakiwa pamoja. Siku hiyo hiyo mtembee mpaka mahali mtakapochimba mwaka ujao, mkaweke vigingi.